Sauti Isiyoandikwa: Wazee wa Baraza, Mahakama na Filamu ya Hali Halisi Katika Kisiwa cha Mombasa

1. Utangulizi

Pembeni mwa Mji wa Kale wa Mombasa kuna majengo mawili yanayokaribiana sana. La kwanza ni Fort Jesus, ngome iliyojengwa na Wareno kati ya mwaka 1593 na 1596, ambayo serikali ya Waingereza iliigeuza kuwa gereza kuanzia mwaka 1895 hadi 1958. La pili ni jengo la mahakama ya zamani lililojengwa mwaka 1902, ambalo leo limo mikononi mwa Makavazi ya Kitaifa ya Kenya. Kwa zaidi ya nusu karne, mshtakiwa aliyetolewa gerezani kwenda kusikiliza kesi yake katika jengo hilo hakuwa na safari ndefu.

Mawe ya majengo haya yamehifadhiwa. Fort Jesus iliingizwa katika orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 2011, nalo jengo la mahakama bado limesimama. Lakini mahakama si mawe. Mahakama ni watu wanaosema na watu wanaosikiliza: mshtakiwa, shahidi, karani mkalimani, jaji, na kwa muda mrefu katika historia ya Kenya, wazee wa baraza walioketi kando ya jaji na kutoa maoni yao kabla ya hukumu. Sauti za watu hao hazikupata hifadhi iliyopata mawe.

Makala haya yanachunguza uhusiano kati ya filamu ya hali halisi na upande wa kibinadamu wa sheria, kwa kurejelea kisiwa cha Mombasa. Hoja yake kuu ni kwamba upande huo uliishi kwa kiasi kikubwa katika Kiswahili kilichosemwa, ilhali kumbukumbu za Mahakama Kuu ziliandikwa kwa Kiingereza. Filamu huhifadhi sauti, uso na kimya. Kwa hiyo ina uwezo wa kuokoa sehemu ya yale ambayo maandishi yaliyaacha. Hata hivyo, uwezo huo una mpaka, na mpaka wenyewe umewekwa na utamaduni wa Waswahili unaothamini sitara.

2. Baraza: Neno na Mahali

Yafaa kuanza na neno lenyewe. Katika vichochoro vya Mji wa Kale, kuanzia Kibokoni hadi Ndia Kuu, nyumba nyingi za zamani zina baraza: kiti cha mawe kilichojengwa pamoja na ukuta, nje ya mlango. Hapo ndipo wanaume hukaa jioni, kahawa ikapita, habari zikachambuliwa, na ugomvi wa majirani ukatafutiwa suluhu kabla haujafika mbali. Kutokana na kiti hicho, neno limepanuka na kuwa jina la mkutano, kisha la chombo cha uamuzi. Leo Kiswahili kina Baraza la Mawaziri, baraza la chifu, na katika uwanja wa sheria, wazee wa baraza.

Upanuzi huu wa maana una funzo kwa mwanafunzi wa fasihi. Mzee wa baraza anapoketi mahakamani, neno linamkumbusha msikilizaji kwamba hukumu ni jambo la watu waliokaa pamoja wakasikilizana, na kwamba mwamuzi anamjua mwamuliwa, au angalau anaujua ulimwengu anamotoka. Anayeketi barazani hana kanzu ya jaji wala vitabu vya sheria. Alichonacho ni umri, busara na masikio. Katika istilahi za fasihi simulizi, yeye ni hadhira. Lakini ni hadhira ambayo usikilizaji wake una matokeo.

3. Walioketi Kando ya Jaji

Katika mfumo wa Uingereza na Marekani, uamuzi wa hatia katika kesi kubwa za jinai huwa mikononi mwa juri, yaani raia wa kawaida, aghalabu kumi na wawili, wanaosikiliza ushahidi na kuamua wao wenyewe. Katika Kenya ya kikoloni, haki hiyo ilitolewa kwa ubaguzi wa rangi. Mzungu alihukumiwa na juri la Wazungu wenzake. Mfano unaofahamika sana ni kesi ya Sir Jock Delves Broughton, aliyeshtakiwa Nairobi mwaka 1941 kwa mauaji ya Lord Erroll na akaachiliwa huru na juri. Kesi hiyo iliandikiwa vitabu na kutengenezewa filamu ya kubuni, White Mischief, mwaka 1987.

Mwafrika hakuwa na juri. Alihukumiwa na jaji aliyesaidiwa na washauri wa mahakama, ambao ndio wazee wa baraza. Dedan Kimathi alipofikishwa mbele ya mahakama Nyeri mnamo Novemba 1956, Jaji Mkuu Kenneth O'Connor aliketi na washauri watatu Waafrika. Wote watatu walimwona ana hatia, na Kimathi akanyongwa tarehe 18 Februari 1957. Wasomaji wa Kiswahili wanaijua kesi hiyo zaidi kupitia tamthilia ya Ngugi wa Thiong'o na Micere Githae Mugo ya mwaka 1976, iliyotafsiriwa kwa jina la Mzalendo Kimathi. Kumbukumbu za kesi yenyewe zilichapishwa mwaka 2017 katika kitabu kilichohaririwa na Julie MacArthur. Ni nadra sana kwa kesi yenye wazee wa baraza kupata wasomaji wengi kiasi hicho.

Baada ya uhuru, juri la Wazungu likatoweka, lakini wazee wa baraza wakabaki. Sheria ya Mwenendo wa Kesi za Jinai ya Kenya ilitaka washauri watatu katika kesi zilizosikilizwa na Mahakama Kuu, ikiwemo ile ya Mombasa. Ushahidi ulipokwisha, jaji alimtaka kila mmoja atoe maoni yake kwa mdomo, kisha akayaandika. Hata hivyo, jaji hakufungwa na maoni hayo. Mzee wa baraza alikuwa na sauti, lakini hakuwa na kura ya mwisho. Hali ilikuwa tofauti Tanzania, ambako sheria ya mahakama za mahakimu ya mwaka 1984 iliwapa wazee wa mahakama za mwanzo nafasi ya kupiga kura pamoja na hakimu, na uamuzi ukapatikana kwa wingi wa kura.

Mfumo wa Kenya ulikuwa na kasoro. Asili yake ilikuwa ubaguzi. Aidha, zaidi ya mshauri mmoja wakikosekana katikati ya kesi, sheria ilitaka kesi isimamishwe na ianze upya mbele ya washauri wengine, na mshtakiwa akazidi kukaa rumande. Mwaka 2007 Bunge liliufuta mfumo huo kwa sheria ya marekebisho. Tangu hapo, jaji wa Mahakama Kuu husikiliza kesi ya mauaji peke yake.

Makala haya hayadai kwamba mfumo ule urudishwe. Yanachodai ni kwamba ulipofutwa, kundi zima la wasikilizaji liliondoka mahakamani pamoja na uzoefu wao. Hawa walikuwa watu waliosikiliza kesi ambazo adhabu yake ilikuwa kifo, adhabu iliyokuwa ya lazima kwa kosa la mauaji hadi Mahakama ya Juu ilipobatilisha ulazima huo tarehe 14 Desemba 2017. Mzee aliyekuwa na umri wa miaka 60 mwaka 2007 sasa anakaribia miaka 80.

4. Lugha ya Shauri na Lugha ya Kumbukumbu

Sheria hiyohiyo ilitamka kwamba lugha ya Mahakama Kuu ni Kiingereza, na kwamba mahakama za chini zitatumia Kiingereza au Kiswahili. Matokeo yake ni kwamba maoni ya mzee aliyefikiri na kusema kwa Kiswahili yaliandikwa na jaji kwa Kiingereza.

Mfano wa kubuni utasaidia kuonyesha kinachopotea. Ichukuliwe kwamba mzee mmoja, katika kesi ya mauaji yaliyotokea usiku, alisimama na kusema: "Ushahidi nimeusikia, lakini moyo haujatua. Huyu ni mtoto wa watu. Asitiwe kitanzi kwa jambo la gizani." Katika daftari la mahakama, kauli hiyo ingeweza kufupishwa kuwa maneno machache ya Kiingereza yenye maana ya "hana hatia". Kisheria, ufupisho huo ni sahihi. Kifasihi, umeacha karibu kila kitu. "Moyo haujatua" ni kipimo cha shaka kilichotolewa kwa taswira ya kitu kinachotafuta pa kutulia. "Mtoto wa watu" unamrejesha mshtakiwa katika jamaa na ukoo, ukikumbusha kwamba hukumu itawaangukia wengi. "Jambo la gizani" lina maana mbili kwa pamoja: tukio lilitokea usiku, na ushahidi wake hauonekani sawasawa. Mzee huyo amejenga hoja ya kisheria kuhusu utambuzi wa mhalifu, ila amezitumia zana za mshairi.

Kuna pia suala la lahaja. Mombasa ni kitovu cha Kimvita, na jina la Ndia Kuu ni ushahidi wa lahaja hiyo kuendelea kuishi katika mitaa ya kisiwa. Maneno ya shahidi wa Kimvita yakitafsiriwa na karani, yanapita kwanza katika Kiswahili sanifu kichwani mwa mkalimani, kisha katika Kiingereza, kabla hayajafika karatasini. Katika kila hatua kuna kinachodondoka. Katiba ya mwaka 2010 imekifanya Kiswahili kuwa lugha rasmi pamoja na Kiingereza, na imempa mshtakiwa haki ya mkalimani bila malipo. Hatua hizi ni muhimu kwa kesi za leo, lakini haziwezi kurejesha maneno yaliyokwisha kupotea.

5. Mahakama ya Kadhi: Simulizi na Sitara

Kuna mahakama moja Mombasa ambamo Kiswahili hakihitaji mlango wa nyuma, nayo ni Mahakama ya Kadhi. Mahakama hizi zilihakikishiwa kuendelea kuwepo kwa makubaliano ya Oktoba 1963 kati ya Jomo Kenyatta na Muhammad Shamte wa Zanzibar kuhusu ukanda wa pwani, na leo zinatambuliwa na Kifungu cha 170 cha Katiba. Hushughulikia hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi kwa Waislamu wanaokubali mamlaka yake. Baadhi ya Makadhi Wakuu walikuwa pia watu wa kalamu. Sheikh Al-Amin bin Ali Mazrui, aliyekuwa Kadhi Mkuu kuanzia mwaka 1937 hadi alipofariki mwaka 1947, alichapisha gazeti la Al-Islah. Sheikh Abdalla Saleh Farsy, aliyeshika wadhifa huo kuanzia mwaka 1968, aliitafsiri Qurani kwa Kiswahili. Maandishi yao yanasomwa hadi leo. Usikilizaji wao, ambao ndio uliokuwa kazi yao ya kila siku, haukuwa na mahali pa kuandikwa.

Mtafiti Susan Hirsch aliyafanyia utafiti mazungumzo ya mahakama hizi Mombasa na Malindi katika miaka ya 1980, na kitabu chake kikatoka mwaka 1998. Moja ya hoja zake inafaa sana kwa mjadala huu. Kwa mtazamo uliozoeleka, mwanamume hutamka na mwanamke huvumilia: mume hutamka talaka, mke husubiri. Mahakamani, hata hivyo, Hirsch aliwakuta wanawake wakiwa ndio wadai wengi, na mara nyingi wakifanikiwa. Chombo chao kilikuwa simulizi. Mke alisimulia matatizo yake mbele ya kadhi, na kwa kusimulia huko akajenga kesi.

Ushindi huo una gharama. Mwanamke Mswahili amelelewa katika maadili ya kusitiri ya nyumbani, maadili ambayo msomaji wa Utendi wa Mwana Kupona anayafahamu vyema. Akisimulia, anaweza kupata haki lakini akapunguziwa heshima. Akinyamaza, anabaki na heshima na dhuluma pamoja. Lugha yenyewe inamvuta pande mbili. Methali moja inamwambia kwamba mficha uchi hazai. Nyingine inamkumbusha kwamba siri ya mtungi aijuaye ni kata. Katika chumba cha kadhi, methali hizi mbili hukutana kila siku, na mwanamke ndiye anayepaswa kuchagua baina yake.

Hapa ndipo suala la kamera linapokuwa zito. Kumsimulia kadhi ni kufunua siri mbele ya watu wachache wenye wajibu wa kuitunza. Kuisimulia mbele ya kamera ni kuifunua mbele ya mtaa mzima, na mbele ya watoto ambao bado hawajazaliwa.

6. Filamu Zilizotangulia

Zipo filamu za hali halisi zilizoingia katika vyumba vya hukumu, na kila moja ina funzo lake.

Mwaka 1986, televisheni ya umma ya Marekani ilionyesha Inside the Jury Room, filamu iliyonasa majadiliano ya juri mjini Milwaukee. Mshtakiwa alikuwa na bastola ilhali sheria ilimkataza, kwa kuwa aliwahi kufungwa. Kwa maandishi ya sheria, kesi ilikuwa nyepesi. Lakini wanajuri waliona mbele yao mtu mwenye upungufu wa uelewa ambaye hakukusudia ubaya, na baada ya kuvutana kwa muda wakamwachilia. Uzito wa filamu hiyo umo katika nyuso za watu wa kawaida wanaopima sheria dhidi ya dhamiri. Yafaa kukumbuka kwamba Uingereza huyazuia majadiliano ya juri yasitolewe nje, kwa hofu kwamba atakayejua anatazamwa hatasema la moyoni.

Divorce Iranian Style ya Kim Longinotto na Ziba Mir-Hosseini (1998) ilipigwa katika mahakama ya familia mjini Tehran. Sisters in Law ya Longinotto na Florence Ayisi (2005) iliwafuata jaji na mwendesha mashtaka wanawake mjini Kumba, Kamerun. Filamu ya kwanza ndiyo iliyo jirani zaidi na mahakama ya kadhi: wanawake wa Tehran nao wanatumia simulizi, kejeli, machozi na vichekesho kutafuta haki ndani ya sheria ya dini. Mafanikio yake yanahusiana na kwamba Mir-Hosseini ni mtafiti wa sheria za familia za Kiislamu na anaijua lugha ya mahakama hiyo.

Filamu iliyo karibu zaidi na Mombasa ni The Letter ya Maia Lekow na Christopher King (2019), ambayo Kenya iliiteua kuiwakilisha katika tuzo za Oscar za mwaka 2021. Inamfuata kijana anayeishi Mombasa, anayerudi kijijini pwani baada ya kupata habari kwamba bibi yake anashutumiwa uchawi na baadhi ya jamaa. Hakuna jaji wala kizimba. Mahakama ni familia yenyewe, na nyuma ya shutuma umo ugomvi wa ardhi. Kamera inakaa na bibi akiendelea na kazi zake, hata mtazamaji akamjua kama mtu kabla ya kumjua kama mshutumiwa. Hilo ndilo jambo ambalo jalada la kesi haliwezi kulifanya.

Kwa upande wa mahakama rasmi, Wakenya wamekwisha kuzoea kamera. Kesi za kupinga matokeo ya uchaguzi wa urais mbele ya Mahakama ya Juu mwaka 2013, 2017 na 2022 zilitangazwa moja kwa moja kwenye televisheni. Lakini kamera hizo zilitazama mawakili na majaji katika shauri la taifa. Kesi ya mtu wa kawaida, yenye Kiswahili chake, bado haijatazamwa kwa namna hiyo.

7. Masharti ya Kupiga Filamu Mombasa

Kutokana na mjadala huu, yanapendekezwa mambo manne kwa mwanafunzi au mpiga filamu atakayeishika kazi hii.

Kwanza, kamera imwelekee msikilizaji. Badala ya kumtafuta mjane au mtalaka na kumfanya asimulie tena machungu yake, atafutwe mzee aliyewahi kuketi kando ya jaji. Aulizwe alisikilizaje, alianza lini kuamini au kutilia shaka, na alilalaje usiku baada ya kutoa maoni yake. Majina ya wahusika wa kesi yaachwe. Kesi ni ya wenyewe. Uzoefu wa kusikiliza ni wa mzee.

Pili, mzee asemeshwe kwa lugha yake, mahali pake. Baraza la nyumba yake katika Mji wa Kale linafaa kuliko studio. Kama anasema Kimvita, kisisanifishwe. Nakala ya maandishi ifuate matamshi na mapumziko yake, kwa kuwa kimya cha mzee kabla ya kujibu ni sehemu ya jibu.

Tatu, ridhaa iwe ya kweli. Sheria ya filamu ya Kenya inadai leseni, na mahakama inadai idhini yake. Lakini ridhaa ya mtu haimalizwi na karatasi. Msimulizi aonyeshwe kilichopigwa, aruhusiwe kuondoa analolijutia, na akitaka sauti yake ibaki bila uso, atimiziwe.

Nne, kilichohifadhiwa kisomwe kama simulizi. Inaweza kupingwa kwamba kumbukumbu ya mtu baada ya miaka ishirini si ya kutegemewa: husahau, hujipamba, huchanganya kesi mbili. Pingamizi hilo ni la haki, na mwanahistoria wa sheria atalazimika kulinganisha maneno hayo na majalada. Mwanafunzi wa fasihi, hata hivyo, ana swali la ziada. Anauliza kwa nini msimulizi amekumbuka hili na kuliacha lile, na ametumia taswira gani kuubeba mzigo wa kumhukumu binadamu mwenzake.

8. Hitimisho

Mombasa imewahi kukabiliwa na hatari kama hii. Muyaka bin Haji, mshairi mkubwa wa Kimvita, alifariki takriban mwaka 1840. Tungo zake zilikuwa midomoni mwa watu, na zingeweza kwenda nao kaburini. Miongo kadhaa baadaye, Mwalimu Sikujua bin Abdallah alizikusanya kutoka kwa waliozikumbuka na kushirikiana na W. E. Taylor kuzihifadhi, hata diwani ikachapishwa mwaka 1940. Leo hakuna mtaala wa ushairi wa Kiswahili unaoweza kumruka Muyaka, na sababu ni kwamba mtu mmoja alikwenda kwa wenye kukumbuka walipokuwa bado hai.

Wazee wa baraza wa Mahakama Kuu ya Mombasa si washairi wa diwani. Lakini walitakiwa kusema, kwa maneno yao wenyewe, kama binadamu mwenzao afe au aishi, na maneno hayo yakapitia mkono wa mwingine kuingia katika lugha nyingine. Idara za Kiswahili zina wanafunzi wanaotafuta mada za utafiti kila mwaka, na kamera imekuwa kifaa cha kawaida. Kazi ya kwanza si ngumu: ni kushuka hadi Mji wa Kale, kubisha hodi, kukaa barazani, na kusubiri mzee amalize kahawa yake kabla ya kumuuliza.